Daraja ni la Mbio, Si la Farasi

Kazi yangu ni kuandaa kurasa za nasaba kwa ajili ya minada ya farasi wa mbio hapa Newmarket, Uingereza. Nilianzia Nairobi, nikiwa saisi katika mabanda ya uwanja wa Ngong. Kila mwanafarasi anayepelekwa mnadani ana ukurasa wake, na ukurasa huo ndio unaomfanya mtu ainue mkono atoe gini elfu kumi au laki tatu. Sisi ndio tunaouandika. Kwa hiyo najua unachosema, na najua vizuri zaidi usichosema.

Mtu wa nje akisoma kwamba mama wa farasi fulani alishinda mbio za Kundi la 1, hudhani kuna mahali alipimwa akaonekana ni wa daraja la kwanza. Sivyo. Kilichopewa daraja ni mbio zenyewe, na zilipewa kwa kutazama waliokimbia humo miaka iliyotangulia. Farasi anayeshinda leo anarithi sifa iliyojengwa na farasi wengine. Wanunuzi wengi hawalijui hilo hata baada ya miaka mingi katika biashara hii.

Ngazi zenyewe ni chache. Juu kabisa ni Kundi la 1, kisha la 2, kisha la 3, halafu mbio za Orodha. Marekani na Canada husema Gredi badala ya Kundi, lakini ngazi ni zile zile. Chini ya hapo kuna handikapu, ambamo farasi bora hubebeshwa uzito mkubwa ili dhaifu naye apate nafasi. Katika mbio za juu za Ulaya kwa kawaida hakuna kusaidiana kwa namna hiyo: uzito hutofautiana kwa umri na jinsia, na pengine huongezwa kwa aliyekwisha kushinda mbio kubwa. Mfumo huu Ulaya iliuanza mwaka 1971, na Marekani ikafuata katika muongo huo huo.

Daraja hulindwa kwa hesabu. Baada ya kila mbio, wapimaji humpa kila farasi alama, na alama moja ni sawa na ratili moja ya uzito mgongoni. Mwisho wa mwaka huchukuliwa alama za farasi wanne wa mwanzo, ukatafutwa wastani, kisha wastani wa miaka mitatu. Kwa farasi wa miaka mitatu na kuendelea, Kundi la 1 linatakiwa kufikia 115, Kundi la 2 ni 110, Kundi la 3 ni 105, na Orodha ni 100. Mbio za majike peke yao zina viwango vya chini kidogo.

Sasa tazama pengo lililopo. Frankel wa Uingereza alipewa alama 140 mwaka 2012, na Flightline wa Marekani akapewa 140 mwaka 2022. Farasi wa alama 115 naye anaweza kushinda Kundi la 1 siku ambayo wakali hawakuja. Katika mita 1,600, tofauti ya alama 25 ni kama urefu wa farasi kumi na mbili hivi. Kwenye ukurasa wangu wote wawili wanaandikwa vile vile: herufi kubwa, nzito, na maneno ya Kundi la 1.

Watu hudhani alama hizo hutoka kwenye mashine. Nimekaa na wapimaji, nimeona wanavyofanya. Humtafuta farasi mmoja ambaye wanaamini amekimbia kwa uwezo wake wa kawaida, wakampa alama yake ya siku zote, kisha wengine wote wakapangwa kutoka kwake kwa umbali waliopishana mstarini. Katika mita 1,000 urefu mmoja huhesabiwa takriban ratili tatu, katika mita 1,600 takriban mbili, na mbio zikirefuka unapungua zaidi.

Chukua mfano. Farasi wanne wamebeba uzito sawa kwa mita 1,600. Wa kwanza amemwacha wa pili kwa urefu mmoja, wa tatu kwa urefu mbili, wa nne kwa urefu nne. Wa nne anajulikana kuwa na alama 108, na wa pili anajulikana kuwa na 117. Mpimaji akiamini kwamba wa nne ndiye aliyekimbia kama kawaida yake, alama zinakuwa 116, 114, 112 na 108, na wastani ni 112.5. Akimwamini wa pili, zinakuwa 119, 117, 115 na 111, na wastani ni 115.5. Mbio ni zile zile na mstari ni ule ule. Hesabu moja inasema mwaka huu mbio hizi hazikufikia Kundi la 1, nyingine inasema zimefikia. Wapimaji niliowaona ni watu waaminifu, na hubishana mpaka jioni. Lakini uamuzi wa kumshikilia farasi yupi ni uamuzi wa mtu, na msomaji wa katalogi hauoni.

Jambo la pili ni kuchelewa. Kwa kuwa wastani ni wa miaka mitatu, mbio zinaweza kudhoofika leo na zikaendelea kubeba jina la zamani kwa misimu kadhaa. Wanaoshinda katikati ya kipindi hicho hupata sifa kamili. Marekani, mbio za Wood Memorial na Blue Grass zilikuwa Gredi 1 zikateremshwa kuwa Gredi 2 mwaka 2017. Outwork alishinda Wood Memorial mwaka 2016, kwa hiyo ukurasa unamwandika mshindi wa Gredi 1. Irish War Cry alishinda mwaka uliofuata, anaandikwa Gredi 2. Mbio zile zile, uwanja ule ule wa Aqueduct, zimepishana miezi kumi na miwili. Daraja la siku ya mbio halibadilishwi baadaye, na sisi tunaoandika hatuna ruhusa ya kuongeza neno. Blue Grass ilirudishiwa Gredi 1 mwaka 2022. Mnunuzi asiyefuatilia miaka hawezi kujua ni nani alishinda wakati mbio ziko juu na nani alishinda zikiwa zinaporomoka.

Tatu ni hali ya siku yenyewe. Msimu mmoja wa vuli nilikwenda kutazama mbio za Kundi la 3 ambazo kwenye karatasi zilionekana nzito. Usiku mvua ilinyesha, uwanja ukalainika. Asubuhi wakufunzi walitembea juu ya nyasi, wakachomeka fimbo ardhini, wakapiga simu kwa wenye farasi, na mmoja baada ya mwingine akajiondoa. Farasi wawili waliokuwa wamezifanya mbio zile ziwe na maana walirudishwa kwenye malori bila kuvuliwa blanketi. Walibaki wenye kwato zinazopenda tope. Mshindi alistahili kushinda siku ile, lakini kwa jinsi kundi lilivyobaki, ilikuwa handikapu nzuri tu. Wiki iliyofuata niliandika jina lake kwa herufi kubwa nzito, Kundi la 3, kama kanuni inavyotaka.

Hapa niseme juu ya hizo herufi nzito, maana ndizo zinazouza. Farasi aliyeshinda mbio za Kundi au za Orodha jina lake linachapwa kwa herufi kubwa nzito. Aliyemaliza wa pili au wa tatu linachapwa kwa herufi nzito za kawaida. Wengine wote ni wino mwembamba. Ukurasa hupangwa kwa kufuata mama: mama wa kwanza, mama wa pili, mama wa tatu, na watoto wa kila mmoja. Mnunuzi mwenye haraka hasomi. Anatupia jicho weusi wa ukurasa, akiona weusi mwingi juu, chini ya mama wa kwanza, anakwenda kumtazama mwanafarasi bandani. Akiona wino mwembamba, anafungua ukurasa unaofuata.

Kinachokosekana ni idadi ya waliokimbia. Ukurasa unasema «wa tatu katika mbio za Kundi la 1», basi. Hausemi walikuwa wanne au kumi na wanne, wala alimaliza nyuma kwa kichwa au kwa umbali wa uwanja wa mpira. Mwaka 2012, mbio za Sussex Stakes huko Goodwood zilikuwa na farasi wanne tu. Frankel alishinda kwa urefu sita, Farhh akawa wa pili, Gabrial wa tatu, na Bullet Train, ndugu yake Frankel kwa mama, aliyeingizwa ili aweke mwendo, akawa wa mwisho. Watatu kati ya wanne wakapata herufi nzito za Kundi la 1. Farhh alithibitisha mwaka uliofuata kwamba ni wa ngazi hiyo kweli, aliposhinda mbio mbili za Kundi la 1. Lakini siku ile nafasi ya tatu ilipatikana kwa kumaliza mbele ya farasi mmoja aliyekuja kufanya kazi ya kuvuta mwendo. Kanuni haitofautishi, na kalamu yangu hairuhusiwi kutofautisha.

Fedha nazo zimevuruga hesabu. Saudi Cup ilianza Riyadh mwaka 2020 ikiwa na zawadi ya dola milioni 20, kubwa kuliko mbio zote duniani, lakini haikuwa Kundi la 1 hadi 2022. The Everest ya Sydney ilianza 2017 na zawadi nono, ikakaa miaka bila daraja la Kundi la 1 hadi 2024. Kanuni ya mbio mpya kusubiri kabla ya kupewa daraja ina sababu nzuri, kwa kuwa fedha peke yake haithibitishi ubora. Ila Commonwealth Cup ya Ascot ilizaliwa mwaka 2015 ikiwa tayari Kundi la 1, kwa sababu waliopanga mfumo waliona farasi wa miaka mitatu wa mbio fupi hawana mahali pao. Nadhani uamuzi huo ulikuwa sahihi. Lakini ni uamuzi wa watu waliokaa mezani, na hesabu ya miaka mitatu haikuhusika.

Nchi nazo hazilingani. Derby ya Italia iliteremshwa kuwa Kundi la 2 mwaka 2009, ingawa jina la Derby bado lina uzito masikioni mwa watu. Japani ina mbio za ndani zinazoandikwa Jpn1. Mtu akipita haraka anaona tarakimu moja, anadhani ni sawa na Kundi la 1 la kimataifa, na siyo. Derby ya Kenya, mbio kubwa kuliko zote kwetu, haimo kabisa kati ya mbio za Kundi la 1 za kimataifa. Haina maana kwamba farasi wetu hawafai. Maana yake ni kwamba mizani ile haijawekwa kwetu.

Hili ndilo linaloniuma, kwa sababu farasi wetu wengi wa mbegu hutoka nje, na wafugaji wa nyumbani hununua kwa kusoma ukurasa. Mzee mmoja mfugaji, ninayemfahamu tangu nikiwa saisi, alinipigia simu akiwa amekwisha kulipia farasi jike aliyemwona kwenye katalogi tu.

«Binti yangu, si ameandikwa kwa herufi nzito?»

«Ameandikwa, Mzee. Lakini ngoja nitazame alikimbia na nani.»

Nilifungua matokeo. Ilikuwa mbio za Orodha za majike, wakakimbia watano, naye akamaliza wa tatu mbali sana nyuma ya wawili wa mbele. Waliobaki nyuma yake, mmoja alikuwa hajawahi kushinda chochote. Mbio zake nyingine zote zilikuwa handikapu za chini. Mzee alinyamaza, kisha akaniuliza kama angeweza kurudisha fedha. Hakuweza. Kila kilichoandikwa kwenye ukurasa ule kilikuwa kweli, na katalogi haikumdanganya kwa neno hata moja.

Siandiki haya ili mfumo uvunjwe. Bila madaraja, muuzaji angesifu mbio yoyote yenye jina tamu, na mnunuzi wa mbali angebaki bila pa kushika. Viwango vya 115, 110, 105 na 100 vinawalazimisha wenye viwanja kuulizwa maswali kila mwaka, na mbio maarufu zimeteremshwa kwa sababu hiyo. Tatizo ni kwamba daraja limepewa kazi lisiyoiweza. Linapima historia ya mbio, nasi tunaliuza kama cheti cha farasi.

Tiba yake si ngumu. Kando ya kila herufi nzito pachapwe idadi ya waliokimbia, umbali aliomaliza nyuma ya mshindi, na alama aliyopewa siku ile. Takwimu hizo zote zipo. Tunazo kwenye kompyuta tunapoandika. Hazichapwi kwa sababu zingepunguza bei ya wengi, na wenye kulipia katalogi ni wauzaji.

Mpaka zitakapochapwa, wewe mfugaji wa Naivasha, wa Nakuru au popote ulipo, usilipe kwa sababu ya wino. Mwulize wakala wako mambo manne: mbio zilikimbiwa mwaka gani, walikuwa farasi wangapi, nani alikuwa nyuma yake, na alama yake ya juu kabisa ni ngapi. Wakala mwenye nia njema atakujibu siku hiyo hiyo. Asiyekujibu, shika fedha zako.