Brand: neno lililotoka motoni

Kabla brand haijawa jina la viatu au soda, ilikuwa kuni inayowaka. Ndiyo, kuni. Katika Kiingereza cha kale, kile cha zaidi ya miaka elfu moja iliyopita, brand (wengine waliandika brond) ilikuwa moto wenyewe, au kipande cha mti ulichokichomoa mekoni kikiwa kinawaka. Ni ndugu wa damu wa burn, kuungua. Katika ukoo huo yumo brennen wa Kijerumani na yumo pia, jamani, brandi ya chupa. Waholanzi waliiita brandewijn, divai iliyochomwa, kwa sababu hupikwa na kukingwa matone kama gongo inavyopikwa.

Washairi wa zamani hizo waliuita hata upanga brand. Ukisoma Beowulf katika lugha yake ya asili utakutana na maana zote mbili, moto na upanga. Na Mwingereza anaposema kitu ni brand-new anasema, bila kujua, kwamba kimetoka sasa hivi motoni kwa mhunzi. Shakespeare aliandika fire-new, na hapo moto ulikuwa bado unaonekana.

Sisi tunalo neno la ile kuni: kinga, au kijinga cha moto. Wasomaji wa Biblia ya Union watakuwa wamekutana nalo katika Zekaria sura ya 3, kuhani mkuu Yoshua anapofananishwa na kipande cha mti kilichookolewa kisiteketee. Biblia ya King James ya 1611 imeweka brand mahali hapo hapo. John Wesley, mwanzilishi wa Umethodisti, alipenda kujiita hivyo, kwa sababu mwaka 1709 nyumba yao pale Epworth iliungua na yeye, mtoto wa miaka mitano, akatolewa dirishani dakika za mwisho. Bahati mbaya kinga hiki kimefunikwa na kinga ile ya magonjwa. Mwambie kijana wa leo akuletee kinga, atakuletea barakoa.

Basi, kuni ikawa chuma cha moto, na chuma kikaacha alama. Alama nayo ikaitwa brand. Waliopigwa ni ng'ombe, farasi, mapipa ya divai. Na watu.

Kwa wapenzi wa fasihi, mtu wa kumkumbuka hapa ni Ben Jonson. Mwaka 1598 alimuua mwigizaji Gabriel Spencer katika pambano la panga jijini London. Alikiri kosa, na alistahili kunyongwa. Ila sheria ya wakati huo ilikuwa na mlango wa nyuma: mtu aliyeweza kusoma alihesabiwa kama mtu wa kanisa, na kipimo kilikuwa kusoma aya ya Zaburi kwa Kilatini. Jonson alisoma. Akanyang'anywa mali zake, akachomwa kidole gumba kwa chuma cha moto, akaachiwa. Alama ile ilikuwa rekodi: ukirudi mara ya pili, hata ujue Kilatini cha Papa, hakuna msamaha. Mwaka 1616 akatoa kitabu kikubwa cha kazi zake. Kusoma kulimwokoa shingo, na huko huko kusoma kukamwachia kovu.

Lakini Jonson alikuwa na mlango wa nyuma. Mwaka 1547, enzi ya Edward VI, Uingereza ilitunga sheria kwamba mzururaji asiyefanya kazi achomwe herufi V kifuani na awe mtumwa wa aliyemkamata kwa miaka miwili. Sheria ile haikudumu. Iliyodumu ni desturi ya baharini. Royal African Company, kampuni iliyosafirisha watu kutoka Afrika Magharibi, iliwachoma herufi DY, kwa heshima ya Duke of York, ndugu wa mfalme na mkuu wa kampuni. Kule Barbados, shamba la Codrington lilimilikiwa na shirika la kueneza Injili la Kanisa la Uingereza, na watumwa wake walichomwa kifuani neno zima: SOCIETY. Herufi saba. Kila nikifika hapa huwa nasimama, nikifikiria urefu wa neno lenyewe. Kuna mtu alikaa akatengeneza kile chuma, akazigeuza herufi ili zisomeke vizuri kwenye ngozi.

Mimi kupiga chapa nimekuona kwa ng'ombe tu, kwa babu, Dodoma. Ninachokumbuka zaidi ya yote ni harufu, nywele kwanza, halafu nyama. Ndama hulia mara moja, halafu hunyamaza kwa namna ambayo ni mbaya kuliko kulia. Babu hakupenda tuwepo, na sisi tulikuwa hatubanduki.

Karne ya 19 ndipo neno lilipopoa. Alama ya pipa ikahamia kwenye karatasi ya chupa, na tarehe 1 Januari 1876 pembetatu nyekundu ya bia ya Bass ikawa alama ya kwanza ya biashara kusajiliwa Uingereza. Kuanzia hapo moto haupo tena. Imebaki picha na jina, na pesa.

Kinachonifurahisha ni kwamba Kiswahili kilikwenda njia ya kinyume. Chapa ni neno la Kihindi, la muhuri na uchapaji. Kwetu likashika vitabu na magazeti, na serikali ikawa na Mpigachapa wake Mkuu. Ng'ombe nao wakapigwa chapa, kwa neno lile lile. Waingereza walitoka motoni wakaishia kwenye karatasi, sisi neno lilitujia na wino likachukua na moto. Kwa hiyo chapa bado inakumbuka kuwa inauma, maana hata fimbo huchapa. Brand imesahau kila kitu.

Sisemi neno lifungiwe. Maneno hayafungiwi, na kama tungefukua kila mzizi tusingefungua mdomo. Ninachosema ni kwamba mtu anayeniambia "jenga brand yako" anadhani ananipa kitu cha kuvaa, wakati historia ya neno inasema aliyechomwa si yeye aliyechagua herufi. Alama haikusema huyu ni nani. Ilisema huyu ni wa nani.

Mwezi uliopita mchapishaji mmoja amenitumia fomu. Jina, anwani, idadi ya wafuasi mtandaoni, halafu swali la nne: "Brand yako kama mwandishi ni ipi? Jibu kwa sentensi moja." Nikaandika kwamba naandika hadithi fupi za watu wanaoishi kando ya reli ya kati. Mhariri, dada mpole sana, akanijibu kwamba hayo ni maudhui, brand ni kitu kingine, nijaribu tena kabla ya Ijumaa. Leo ni Alhamisi, na kisanduku cha swali la nne bado ni cheupe.