Sifa na Haki

Sifa ni mali ya mkopo: umma huitoa leo, kesho huidai. Kwa hiyo mwenye sifa hapimwi kwa wingi wa makofi aliyopigiwa, bali kwa kile alichokinunua kwa sifa hiyo.

Moshi na miteremko ya Kilimanjaro iliwajua Wagiriki tangu zama za Wajerumani. Wengine walikuja kwa kazi ya reli iliyotoka Tanga, kisha wakalima kahawa na katani. Lakini Mgiriki ambaye habari zake zina funzo kubwa kwa watu wa mlima huo hakuwa mkulima. Alikuwa Melina Mercouri, mchezaji wa sinema, aliyezaliwa Athens mwaka 1920.

Sinema yake ya kwanza, Stella, ilitoka mwaka 1955. Humo alikuwa mwimbaji aliyependa uhuru kuliko ndoa, akaulipia kwa uhai wake. Mwaka 1960 Never on Sunday ilimpatia tuzo ya mchezaji bora wa kike huko Cannes, na jina lake likavuka bahari. Wanajeshi waliponyakua serikali ya Ugiriki mwaka 1967, alikuwa New York akicheza tamthilia. Angeweza kunyamaza akala matunda ya jina lake, alichagua kusema. Alivuliwa uraia, na mali yake ikatwaliwa. Utawala huo ulipoanguka mwaka 1974 alirejea kwao, na mwaka 1981 akawa Waziri wa Utamaduni. Mwaka uliofuata, katika mkutano wa UNESCO huko Mexico, alidai sanamu za marumaru za hekalu la Parthenon, ambazo Lord Elgin alizibandua na serikali ya Uingereza ikazinunua mwaka 1816. Alikufa mwaka 1994 zingali London. Walakini dai lake lilikwisha kuwa la dunia nzima.

Dai la namna hiyo lipo Old Moshi pia. Tarehe 2 Machi 1900 Wajerumani walimnyonga hapo Mangi Meli pamoja na viongozi wenzake. Wazee husimulia kwamba kichwa chake kilikatwa kikapelekwa Ujerumani. Mwaka 2023 wataalamu wa makumbusho ya Berlin walitangaza kwamba vipimo vya vinasaba vimelitambua fuvu la akida aliyekuwa mshauri wa Meli, na jamaa zake walio hai wamejulikana. Kichwa cha Meli mwenyewe hakikuwamo katika utambuzi huo.

Marumaru ni kazi ya mikono ya mtu. Fuvu ni mtu mwenyewe. Ikiwa dunia ilitega sikio kwa habari za mawe kwa kuwa msemaji alikuwa maarufu, basi kilichosikilizwa kwanza ni sifa, si haki. Mercouri hana lawama. Alitumia alichokuwa nacho. Lawama ni ya masikio yanayongoja jina kubwa ndipo yafunguke. Mjukuu wa Meli alizeeka akiuliza kilipo kichwa cha babu yake. Hakuwa na taa za sinema wala tuzo ya Cannes. Alikuwa na haki tu, na hiyo ilipasa kutosha.