Jiko la Shangazi, Lushoto

Basi liliacha barabara kuu pale Mombo, likaanza kupanda. Sikuwahi kufika Lushoto, ingawa ni mkoa wetu huohuo wa Tanga. Kilomita zipatazo 33 za kona tupu, bonde limezama upande huu, mwamba umekuinamia upande ule. Tulipofika Soni wenzangu walinunua matunda dirishani. Mimi nilitoa sweta mkobani. Ilikuwa Julai.

Nilimwamkia Shangazi, akaitikia marahaba huku akinivuta jikoni. "Ndilo hilo, mwanangu. Tangu mwaka juzi halijawashwa."

Lilikuwa jiko la kuni la Dover, lile la chuma kizito lililokuwa likiwekwa kwenye nyumba za walowezi: miguu minne iliyopinda, oveni ubavuni, vifuniko vya duara juu. Lilikuwa jekundu kwa kutu kama udongo wa njia niliyopita.

Sisi wa pwani, usafi ni maji. Shangazi alipokwenda sokoni nililimwagia ndoo nzima na sabuni, nikasugua mpaka mikono ikauma. Kulipokucha nikakuta kutu mpya, rangi ya chungwa, imetanda kote. Iliniuma sana, maana nilikuja kumsaidia. Hakunigombeza. "Chuma hiki hakiogeshwi. Na kikiwa cha moto, ukikimwagia maji kinapasuka."

Tukaanza upya, kwa ukavu. Tulizoa majivu yote, kwa kuwa majivu yaliyolala huvuta unyevu na unyevu hula chuma. Bomba la moshi tulilishusha uani. Ndani masizi yalikuwa yameganda, meusi ya kung'aa kama lami. Hiyo ni kazi ya kuni mbichi, na masizi ya namna hiyo yakishika moto bombani, nyumba imo hatarini. Tuliyakwangua yote.

Kisha brashi ya waya, kisha msasa laini. Mlango wa oveni ndio ulionikalisha mchana kutwa. Nilipitisha mswaki mkuukuu kwenye kila mfereji: ikatokea D, ikatokea O, na pembeni, chini ya kutu, ua dogo la chuma lenye petali tano. Shangazi aliinama akaligusa. Miaka yote amepikia hapo, hakuwahi kuliona. Mshikio wa shaba tuliusugua kwa ndimu na majivu, ukawa kama pete.

Mafuta ya alizeti tulipaka kidogo sana kwa kitambaa, tukayafuta tena, maana yakizidi hunata. Tukafungua madirisha kwa ajili ya moshi, tukawasha vijiti vikavu vya muwati, moto mdogo tu. Chuma kikabadilika mbele yetu: kijivu, kahawia, kisha giza likasambaa kutoka katikati ya vifuniko kwenda kingoni. Tukaacha kipoe, tukapaka tena, mara tatu.

Jioni ya siku ya tatu ukungu ulishuka mpaka mlangoni. Jiko lilikuwa jeusi tititi. Shangazi alisogeza kigoda, akanyoosha viganja, nami nikabandika birika.