Mpiga Sinema wa Kisangani

Wako watu wanaodhani kwamba sinema ni kitu cha kuchekesha tu. Mimi mkaaji wa Mbau nasema kwamba sinema yaweza pia kuwa shahidi. Tazameni kazi ya ndugu yetu Dieudo Hamadi.

Alizaliwa Kisangani mwaka 1984. Kwanza alisoma mambo ya udaktari, kisha akajifunza kupiga sinema. Hatafuti wachezaji wa kuigiza. Huwafuata watu wenyewe katika maisha yao. Mwaka 2014 alitoa Examen d'État, habari za wanafunzi wa Kisangani waliofukuzwa darasani kwa kukosa pesa za walimu, wakakusanyika katika nyumba moja kujitayarisha kwa mtihani wa serikali. Mzazi gani wa kwetu asiyejua taabu hiyo? Mwaka 2017 alionyesha Maman Colonelle. Humo twamwona Mama Honorine Munyole, mkubwa wa polisi, aliyehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani, akiwalinda wanawake na watoto walioumizwa. Kule Berlin, waamuzi Wakatoliki na Waprotestanti waliokaa pamoja waliipa zawadi.

Lakini inayonigusa zaidi ni ya mwaka 2020, En route pour le milliard. Mwezi wa Juni 2000, askari wa Uganda na wa Rwanda walipigana siku sita ndani ya Kisangani. Raia wengi waliuawa. Wengine walikatika miguu na mikono. Baadhi ya vilema hao walishuka mto kwa mashua mpaka Kinshasa, kudai haki yao mbele ya Bunge. Hamadi alisafiri pamoja nao.

Mwaka 2022 Mahakama ya Kimataifa iliamuru Uganda iilipe Kongo dola milioni 325 kwa madhara ya vita vyake katika nchi yetu. Pesa huhesabiwa, lakini bila safari ile, nani wa mbali angezijua sura za wenye vidonda?

Sisi wa Beni, tangu mwaka 2014, twazika ndugu zetu waliochinjwa. Redioni wanatajwa kwa hesabu tu: kumi, ishirini. Adhabu ya kaburi aijuaye maiti, walisema wazee. Lakini aliyebaki hai anaweza kuulizwa. Basi ninyi vijana wenye simu za kupiga picha, msikimbilie kusambaza picha za maiti. Kaeni kwanza na mjane, mkamwulize mume wake aliitwa nani, na alipenda kazi gani.