Nyumba ya Viazi Mjini Brugge

Katika njia ya Vlamingstraat mjini Brugge, Ubelgiji, tulionyeshwa nyumba kubwa ya mawe iliyojengwa na wafanya biashara wa Genoa mwaka 1399. Tulidhani tutaona humo dhahabu au silaha za wafalme. Kumbe, tangu mwaka 2008 ni makumbusho ya viazi vya kukaanga!

Chini huelezwa asili yake. Sisi twaviita viazi vya Ulaya, lakini kwao hasa ni milima ya Peru. Wenyeji wa huko walivilima maelfu ya miaka kabla Wahispania hawajavileta Ulaya katika karne ya 16. Basi jina letu lamnyima mkulima yule haki yake.

Juu zipo mashine za zamani za kukaangia, na simulizi la mto Meuse. Husemwa kwamba watu wa Namur, kusini ya nchi, walizoea kukaanga samaki wadogo. Mwaka 1680 mto ukaganda kwa baridi, nao wakakata viazi kwa umbo la samaki. Simulizi lilitupendeza, ila wachunguzi wa historia hulitilia shaka: viazi vilifika pande zile yapata mwaka 1735.

Mwishowe tukashuka katika vyumba vya chini ya ardhi, ambamo viazi huuzwa na kuliwa. Hukaangwa mara mbili: kwanza kwa moto wa kadiri hata viive ndani; huachwa vipoe, kisha hurudishwa katika mafuta yenye moto zaidi hata vikauke nje. Mwenzetu mmoja alikuwa amenung'unika kulipa kiingilio kwa ajili ya viazi. Ndiye aliyetangulia kuomba sahani ya pili.