Kilwa Kisiwani: Picha Tuliyoifuta

Tulivuka kutoka Kilwa Masoko kwa mashua baada ya sala ya Alfajiri, tukiwa na kamera moja, kinasa sauti na kibali cha kupiga picha. Sisi, mume na mke, kazi yetu ni kutengeneza filamu za maisha halisi. Safari hii tulikusudia kurekodi yatakayotupitia wenyewe katika kisiwa ambacho tangu utotoni tulikisoma vitabuni tu.

Asubuhi yote tulikuwa katika Msikiti Mkuu. Sehemu yake kongwe ni ya karne ya 11. Katika karne ya 14 Sultani al-Hasan bin Sulaiman aliupanua kwa mawe ya matumbawe na chokaa, akauezeka kwa makuba. Mgeni akiingia humo hushusha sauti bila ya kuambiwa.

Ibn Battuta alifika Kilwa mwaka 1331, akausifu ukarimu wa Sultani huyo. Habari za safari zake zilikamilika kuandikwa mwaka 1355, akimsimulia Ibn Juzayy huko Morocco. Miaka 24 alizibeba kichwani mwake. Tukajiona tumempita, kwa kuwa chombo chetu hakisahau.

Adhuhuri, tukirejea kijijini, tulimwona bibi mmoja barazani kwake, ameelekea bahari, ameinua mikono na machozi yanamtiririka. Mwanga ulikuwa mzuri mno. Mmoja wetu akafungua kamera kwa mbali; mwenziwe akaona, akanyamaza. Kosa likawa letu sote.

Alipomaliza tukamwendea.

“Shikamoo, bibi.”

“Marahaba, wajukuu wangu. Karibuni maji.”

Maji yale hayakupita kooni. Tukamwambia ukweli: tumekurekodi ulipokuwa ukiomba dua. Alinyamaza kitambo.

“Namwombea mwanangu aliyechukuliwa na bahari,” akasema. “Yale ni baina yangu na Mola wangu. Yafuteni.”

Tuliyafuta mbele ya macho yake. Ilikuwa picha bora kuliko zote za safari ile, na hatukuificha nakala.

Tulidhani atatuaga. Badala yake alijifunga vizuri mtandio wake, akasema, “Sasa niwashieni hicho chombo chenu.” Akatusimulia namna babu yake alivyokuwa akipanga magogo, akaweka matumbawe juu yake, akayachoma hata yakawa chokaa ya kujengea. Alieleza kwa mikono, akicheka, mpaka Alasiri ikaadhiniwa.

Filamu yetu imekwisha sasa, na watoto wetu wameitazama. Mdogo wao aliuliza kwa nini bibi yule hatukumpiga picha akiomba, ilhali tumewasimulia. Tukamjibu kwamba tulimpiga, kisha tukamrudishia kilichokuwa chake. Chombo kisichosahau chahitaji mwenye kukishika awe na haya, na haya ni katika imani.