Nyumba ya dada wawili, Chawton

Chawton ni kijiji kidogo kusini mwa Uingereza. Kando ya barabara ipo nyumba ya matofali mekundu ambayo ilifunguliwa kuwa makumbusho mwaka 1949. Wageni huenda kuiona kwa sababu ya mwandishi Jane Austen, aliyehamia hapo mwaka 1809. Mzazi akiingia atakuta pia habari ya watoto wawili wa kike wa tumbo moja: Jane na dada yake Cassandra, aliyemzidi karibu miaka mitatu.

Ingawa nyumba ilikuwa na vyumba vingine, wao walilala chumba kimoja. Hakuna aliyeolewa. Mchumba wa Cassandra alifariki mwaka 1797 kwa homa ya manjano akiwa Karibiani, na hakuchumbiwa tena.

Kazi za nyumbani waligawana. Jane aliandaa kifungua kinywa na kutunza majani ya chai na sukari, vitu vya bei ghali wakati ule. Mengine mengi aliyabeba Cassandra, akisaidiana na rafiki yao waliyeishi naye. Hivyo Jane alipata nafasi ya kuketi kwenye kimeza chake kidogo na kuandika. Kitabu cha kwanza kilitoka mwaka 1811. Hadi mwisho wa 1815 vilikuwa vinne. Cassandra hakuandika hata kimoja, lakini muda wa kuviandika ulipatikana kwa mikono yake.

Mwaka 1817 Jane alikuwa mgonjwa. Dada yake alikwenda naye mji wa Winchester kutafuta matibabu, akamuuguza hadi alipofariki Julai 18, akiwa na miaka 41. Siku ya mazishi Cassandra alibaki nyumbani, kama ilivyokuwa desturi ya wanawake, akiutazama msafara hadi ulipopotea mtaani. Kisha akarudi Chawton, akaishi karibu miaka 28 bila mdogo wake. Kaburi lake lipo kanisani hapo kijijini, kando ya la mama yao.

Mzazi mwenzangu, wanao wakigombania nani aoshe vyombo leo, usikimbilie kuwaoshea. Wapangie zamu, na mmoja akiwa na mtihani au homa, mwenzake amshikie. Wakizoea kupokezana sufuria, watajua kupokezana na mizigo mizito, hata siku ambayo wewe hutakuwapo kuwapangia.